Dagaa na Bei Isiyojulikana

Katika nyumba zetu nyingi kitoweo cha mwisho wa mwezi ni dagaa. Nyama imeshashindikana, samaki mbichi hangojei mshahara, lakini dagaa wakavu hukaa ndani ya kopo wakisubiri siku yao. Wala si chakula cha kudharauliwa. Gramu 100 za dagaa waliokaushwa vizuri huwa na zaidi ya gramu 50 za protini, na kwa kuwa huliwa na mifupa yake, mtoto hupata humo humo madini ya chokaa ya kujengea mwili. Mama wa nyumbani anajua pia jambo ambalo takwimu za bei hazilioni: bei ya fungu sokoni yaweza kubaki ile ile kwa miezi, ila fungu lenyewe likawa linanywea.

Baadhi ya sababu za kupanda kwa bei hazina wa kulaumiwa. Dagaa huvuliwa usiku kwa taa, na mbalamwezi inapotawala taa hiyo haiwavuti tena. Siku zile zile ambazo wengi wetu hufunga sunna, tarehe 13, 14 na 15 za mwezi wa Kiislamu, mitumbwi hulala mchangani na mzigo huadimika. Masika nayo hunyesha juu ya dagaa walioanikwa, na waliolowa huishia kuwa chakula cha kuku kwa bei ya kutupa. Mwaka 2024 Ziwa Tanganyika lilifungwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wapate kuzaliana, na walaji wakahimizwa kuvumilia. Hayo tunayapokea.

Tusiloweza kulipokea kwa wepesi ni lile linalofanyika mialoni, hasa kandokando ya Ziwa Victoria, kabla giza la mwezi halijaingia. Mwenye mtumbwi anahitaji mafuta na nyavu. Mwanamke anayenunua wabichi na kuwaanika anahitaji mtaji. Tajiri huwapa fedha kwa sharti moja: mzigo wote uje kwake. Bei haitajwi. Itatajwa mzigo utakapokuwa umefika, na atakayeitaja ni yeye. Mdaiwa hawezi kumgeukia mnunuzi mwingine, wala hawezi kuupeleka mzigo wake mwenyewe katika soko la Kirumba, Mwanza, ambako wanunuzi hutoka hata Kongo, Rwanda na Burundi. Mara nyingi hupimiwa kwa ndoo au debe la kilele, ilhali mzigo huo huo ukifika mbele huuzwa kwa kilo. Na tusifichane: miongoni mwa matajiri hao wamo ndugu zetu tunaosimama nao safu ya mbele.

Fedha ya namna hiyo ni mkopo unaomzalia mkopeshaji faida kwa kumfunga mkopwaji, na wanazuoni wetu wameuona mlango wa riba humo. Sheria, hata hivyo, haikumwacha mfanyabiashara bila njia. Mtume (SAW) alipohamia Madina aliwakuta watu wakilipana mapema kwa tende za mwaka na miaka miwili ijayo. Hakuwazuia. Aliwaagiza tu kwamba kipimo, uzito na muda vijulikane. Biashara hiyo ndiyo salam. Mnunuzi hulipa thamani yote papo hapo, na muuzaji hudaiwa bidhaa ya aina na uzito uliotajwa, siku iliyotajwa. Inaruhusiwa bei hiyo iwe chini kidogo ya ile ya sokoni, maana aliyetangulia kulipa ametoa nafasi. Lakini muuzaji ameijua na ameiridhia akiwa bado hana deni.

Wengine watatuambia kwamba samaki aliye majini hauzwi. Ni kweli, na ndiyo maana kuuza "mzigo wote wa mtumbwi huu" hakufai, kwani hakuna ajuaye utakuwa kiasi gani. Kinachouzwa katika salam ni kilo zilizo katika dhima ya muuzaji, azipate kwa mtumbwi wowote. Burhanuddin al-Marghinani, aliyefariki mwaka 1197, aliligusa suala hili katika Al-Hidaya: akaruhusu salam katika samaki wa chumvi kwa uzito na aina inayojulikana, na akawa mwangalifu zaidi kuhusu samaki mbichi, anayepatikana msimu huu na kukosekana msimu ule. Yeye ni wa madhehebu ya Hanafi na sisi huku wengi ni Mashafii, lakini inapendeza kuona kwamba mwanachuoni wa Asia ya Kati, mbali na bahari, alimfikiria samaki mkavu.

Upande wa muuzaji nao una lake. Kilo 3 hadi 4 za dagaa wabichi hutoa kilo 1 ya wakavu. Kwa hiyo anayewaanua mapema anauza maji. Gunia lenye wakavu juu na wenye unyevu chini ni lile lile rundo la nafaka ambalo Mtume (SAW) alilitia mkono wake sokoni akakuta majimaji ndani, na mwenye nalo akasingizia mvua. Mvua ilikuwa kweli. Kosa lilikuwa kuificha.

Kwa mvua hiyo dawa ipo, nayo ni chanja: dagaa wakianikwa juu ya wavu ulioinuliwa hukauka upesi, hawabebi mchanga, na hufunikwa kwa turubai wingu likitanda. Tunazishauri kamati za misikiti ya mwambao na maziwa zitenge mkopo mwema, usio na nyongeza, kwa kina mama waanikaji, na waliomo katika mafungu ya zaka wapewe zaka, siyo mkopo.

Kuhusu matajiri, tunawaomba daftari tu. Mkataba tunaousema unaenea katika nusu karatasi: majina ya wawili, aina ya dagaa, kilo ngapi, fedha iliyolipwa, siku na mwalo wa kukabidhiana, mashahidi wawili. Mzigo ukikosekana siku hiyo, mnunuzi angoje au arudishiwe fedha yake bila ziada. Uandikwe siku za mbalamwezi, mitumbwi ikiwa bado imelala mchangani.