Mtoto Huyu Ataitwa Nani?

Tumsifu Yesu Kristo!

Wapendwa taifa la Mungu, kila tarehe 24 Juni Kanisa huadhimisha Kuzaliwa kwa Yohane Mbatizaji, na Injili ya siku hiyo hutusomea ugomvi wa jamaa juu ya jina. Majirani walikwisha kuamua kwamba mtoto aitwe Zakaria kama baba yake. Elisabeti akakataa. Wakamjibu kwamba katika ukoo wake hakuna mtu mwenye jina hilo la Yohane, wakamgeukia baba aliyekuwa bubu, naye akaomba kibao akaandika. Ugomvi wa namna hiyo tunao hapa kwetu Nyanda za Juu Kusini, ila wa kwetu mara nyingi humalizika bila mtu yeyote kuulizwa jambo la maana.

Tukifungua daftari la ubatizo la miaka ya karibuni, tunakutana na wavulana wanaoitwa Arjun, Aryan, Rohan, Vijay na Rahul. Baba ni Mnyakyusa au Mhehe, mama ni Mbena au Msafwa, nao hawana undugu wala biashara na India. Jina limetoka sebuleni, katika tamthilia za Kihindi zinazotiwa sauti za Kiswahili na kutufikia kwa king'amuzi. Tunapomwuliza baba maana yake, hucheka. Mama husema, "Ni zuri tu, Padre."

Hoja yetu juma hili ina makali pande mbili. Tunagombana na wazazi wanaompa mtoto jina wasiloweza kulieleza. Tunagombana pia na wale wazee wa vigango, na makatekista wachache, wanaoirudisha familia mlangoni kwa kusema, "Hilo ni jina la kipagani, nendeni mkatafute jina la Kikristo."

Tuanze na majina yenyewe, maana wanaoyapenda hawayajui na wanaoyalaani hawayajui vilevile. Mengi yametokana na Kisanskriti, lugha ya kale ya India, ambayo kwa ibada za Wahindu ina nafasi inayofanana na ile Kilatini iliyokuwa nayo kwetu. Wala Kisanskriti si mgeni mdomoni mwetu. Anayehesabu fedha za mpunga wa Kyela na kusema "laki mbili" anatumia neno lenye asili ya Kisanskriti. Sukari ya chai imetoka huko ikapitia kwa Waajemi na Waarabu. Rupia waliyolipwa babu zetu wakati wa Mjerumani ni neno la Kisanskriti la fedha iliyofuliwa. Hata tunapowaita Wasikh "singasinga" tunatamka Singh, yaani simba. Anayeogopa Kisanskriti kana kwamba ni uchawi, basi anywe chai kavu.

Tukumbuke pia kwamba si kila jina la mcheza filamu wa India ni la Kisanskriti. Salman na Aamir ni ya Kiarabu, Shah Rukh ni la Kiajemi. Wakatoliki wa Goa, ambao wengi wao walifanya kazi ya ukarani Afrika Mashariki wakati wa ukoloni, waliitwa Fernandes na D'Souza kwa sababu Mreno ndiye aliyeshika daftari lao.

Sasa maana. Vijay ni ushindi. Rohan ni mwenye kupanda juu. Anand ni furaha, Prem ni upendo, Santosh ni kuridhika, Deepak ni taa ndogo. Akash ni anga. Hayo hayana ubaya wowote. Ukiyageuza Kiswahili utapata wana wa jirani yako. Rahula lilikuwa jina la mwana wa Buddha, na mapokeo hulieleza kuwa ni pingu, kwa kuwa mtoto humfunga mzazi anayetaka kuukimbia ulimwengu. Mzazi anayemwita mwanawe Rahul kwa sababu kijana wa kwenye tamthilia alikuwa na nywele nzuri, je, ameyajua hayo?

Arjun maana yake ni mweupe, mwenye kung'aa. Krishna maana yake ni mweusi. Katika utenzi mkubwa wa Mahabharata, Arjuna ndiye shujaa wa vita na Krishna ndiye anayeliendesha gari lake. Mweupe anaongozwa na mweusi, na hekima iko kwa mweusi. Tunalitaja hili kwa kusudi. Tunaogopa kwamba baadhi yetu huvutwa na majina haya kwa sababu ya rangi ya sura zinazoonekana kwenye kioo cha televisheni, ugonjwa uleule unaowauzia dada zetu mkorogo. Laiti wangejua kwamba moja ya majina yanayoheshimiwa kuliko yote India humtaja mtu mweusi.

Na Aryan? Katika Kisanskriti arya ni mtu mwungwana, mtukufu. Mhindi anayemwita mwanawe hivyo leo hana kosa. Lakini Wazungu wa karne ya 19 walilichukua neno hilo wakalifanya jina la mbari, na utawala wa Wanazi, kuanzia mwaka 1933 hadi 1945, uliwadai watu hati za kuthibitisha kwamba wao ni Waarya. Mtakatifu Teresa Benedikta wa Msalaba, Edith Stein, aliuawa Auschwitz mwezi Agosti mwaka 1942 kwa kuwa alizaliwa Myahudi. Kijana wa Uyole anayeitwa Aryan atakutana na habari hiyo siku moja katika kitabu cha historia, darasani, mbele ya wenzake. Ni haki yake kwamba baba yake awe amekutana nayo kwanza.

Tuwageukie sasa wanaofunga mlango. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1917, kanuni ya 761, ilimtaka paroko ahakikishe mtoto anapewa jina la Kikristo. Akishindwa kuwashawishi wazazi, aongeze jina la mtakatifu juu ya lile waliloleta, na yote mawili yaandikwe. Hata sheria hiyo kali haikumrudisha mtoto nyumbani bila ubatizo. Sheria ya mwaka 1983, kanuni ya 855, inawataka wazazi, wasimamizi na paroko waangalie lisitolewe jina lililo geni kwa hisia ya Kikristo. Haisemi geni kwa ukoo, wala geni kwa Ulaya. Katekisimu nayo, namba 2156, inaruhusu jina la mtakatifu, na pia jina linalotaja fumbo la imani au fadhila ya Kikristo. Furaha, upendo na taa havikomi kuwa fadhila na ishara njema kwa sababu vimetamkwa kwa lugha ya India.

Wanaosema "jina la kipagani" wayachunguze basi majina yao wenyewe. Isidori ni zawadi ya Isis, mungu wa kike wa Misri. Martini ni wa Mars, mungu wa vita wa Warumi. Dionisi ni wa Dioniso, mungu wa mvinyo wa Wayunani. Bernardo ni mwenye ushupavu wa dubu, na dubu hajawahi kuonekana Iringa. Wolfgang ni mwendo wa mbwa mwitu. Wabenediktini waliofika Tosamaganga mwishoni mwa karne ya 19, na Wakonsolata waliowafuata mwaka 1919, walituletea majina ya watakatifu wao, nasi tukayapokea kwa upendo. Yametakaswa na watu walioyabeba. Kabla ya mtakatifu wa kwanza kuitwa Isidori, Isidori lilikuwa jina la kipagani kama lingine lolote.

Mtu atatuuliza: kama ni hivyo, Krishna nalo lina kosa gani? Swali zuri. Hakuna anayemtolea Isis sadaka leo, lakini Krishna na Ganesh wanaabudiwa asubuhi hii na mamilioni ya watu, wakiwamo Wahindu tunaonunua kwao misumari na vitambaa hapa mjini. Kulitwaa jina la yule ambaye jirani yako anamwomba, ukalifanya fasheni, ni kuikosea heshima imani yake na yako kwa mara moja. Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika tamko la Nostra Aetate la tarehe 28 Oktoba 1965, uliitaja dini ya Kihindu kwa heshima. Majina hayo hatutayaandika katika daftari la ubatizo, na sababu ni hiyo.

Mpaka huo hatukuubuni sisi. Mwaka 1712, kusini mwa India, alizaliwa mtoto akaitwa Neelakanda, mwenye koo la buluu, ambalo ni jina la sifa la mungu Shiva. Alipokua akatumikia katika jumba la mfalme wa Travancore, na huko Mkatoliki mmoja, nahodha De Lannoy aliyekuwa ametekwa vitani, akamfundisha imani. Alipobatizwa mwaka 1745 aliliacha jina la mungu yule akaitwa Lazaro. Lakini watu hawakumwita Lazaro wa Kizungu. Waliligeuza: Lazaro maana yake Mungu amesaidia, na kwa maneno yenye asili ya Kisanskriti yaliyomo katika Kitamili wakamwita Devasahayam. Aliteswa miaka kadhaa, akapigwa risasi mwezi Januari mwaka 1752. Tarehe 15 Mei 2022 Papa Fransisko alimtangaza mtakatifu, mlei wa kwanza wa India kupata heshima hiyo. Kwa hiyo lipo jina la mvulana lenye asili ya Kisanskriti ambalo linasimama katika orodha ya watakatifu, nalo lilipatikana kwa kuuliza maana.

Hapo ndipo kidonda chetu kilipo. Waamini wa India walilitafsiri jina la Biblia kwa maneno yao ili mtu alielewe. Sisi tunayo tayari majina yaliyotafsiriwa, tena na babu zetu, na tunayaonea haya. Ipyana ni neema. Yohane nalo humaanisha kwamba Mungu ametenda neema, hivyo mwenye kuitwa Ipyana ana Mbatizaji kuwa somo wake bila shida yoyote. Lusajo ni baraka. Atupele, ametupa. Lugano ni upendo, ndiyo Prem wa bonde la Rungwe. Tuntufye ni tumsifu, yaani salamu tuliyoifungulia tafakari hii. Tuseme ukweli, ndugu zetu Wamoravian walioanza kazi Rungwe mwaka 1891 na Walutheri wameyatunza majina haya kuliko sisi Wakatoliki. Wengi wetu tuliambiwa kwamba Lusajo ni jina la nyumbani na Gerold ndilo la kanisani.

Baba anayetaka jina la ushindi kwa mwanawe wa kiume asiende mbali. Mkwawa ni kifupi cha Mkwavinyika, mwenye kutwaa nchi. Aliwashinda Wajerumani Lugalo mwezi Agosti mwaka 1891, akafa mwaka 1898, na jina lake likaandikwa katika kifungu cha 246 cha Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919, kilichoidai Ujerumani fuvu lake. Fuvu lilirudi mwaka 1954 na liko Kalenga. Hatusemi kila Mhehe amwite mwanawe Mkwavinyika. Tunasema tu kwamba Vijay hana historia kubwa kuliko hiyo.

Kuna jambo moja ambalo wazazi wetu vijana wako sahihi, nasi tunalikubali. Si kila jina la nyumbani ni jema. Tumebatiza akina Shida, Tabu, Mateso, Masumbuko na Majuto, watoto waliobebeshwa kilio cha siku waliyozaliwa, au masengenyo ya mama mkwe. Mama aliyeitwa Tabu miaka 30 akitafuta jina tamu la mwanawe, akalisikia Rohan, hatumcheki. Anatafuta mwanga. Majirani wa Elisabeti walikosea kwa kudhani kwamba ukoo peke yake ndio unaotoa jina, na wazee wa namna hiyo hawajaisha. Kama ukoo haukutoa chochote ila vilio, mzazi anayo ruhusa ya kusema hapana kama Elisabeti alivyosema. Lakini Elisabeti alijua anasema nini.

Ugumu mwingine ni wa wakati. Tangu mwaka 2013, mpango wa kuwaandikisha watoto wa chini ya miaka 5 ulipoanzishwa mkoani Mbeya, cheti cha kuzaliwa hupatikana kituo cha afya au ofisi ya kata. Ni baraka kubwa, na kila mzazi akichukue. Matokeo yake ni kwamba jina huandikwa kwa haraka, mama akiwa bado na uchovu wa uzazi, na sisi huliona likiwa tayari limekwisha kuandikwa kwenye cheti. Mazungumzo juu ya jina yafanyike basi wakati wa ujauzito, katika jumuiya ndogondogo, wasimamizi wakiwapo.

Waliokwisha kubatizwa kwa majina hayo wasisumbuliwe wala kuchekwa. Arjun aliyebatizwa ni Mkristo kamili. Wazazi wake wamwambie kwamba jina lake ni mwenye kung'aa, na kama wanapenda, kwenye Kipaimara achague mtakatifu wa kuwa somo wake.

Kwa wanaokuja, fomu ya ubatizo ya parokia yetu itakuwa na mstari mmoja zaidi chini ya jina la mtoto: maana yake. Uandikwe na baba au mama kwa mkono wake, kwa Kiswahili. Semina ya wazazi na wasimamizi ni Jumamosi saa nane mchana kama kawaida. Safari hii tunaomba babu na bibi wa mtoto waje pia, maana kuna majina ambayo wao tu ndio wanaoyakumbuka.