Dubu wa Luria

Mwandishi, katika makala yako kuhusu akili isiyofuata mantiki yetu, mbona umerukia viumbe wa sayari nyingine haraka hivyo? Mfano upo hapahapa duniani. Mwaka 1931 na 1932 mwanasaikolojia wa Kisovieti, Alexander Luria, alikwenda Uzbekistani kuwahoji wakulima wasiojua kusoma. Akawaambia: kaskazini ya mbali, kwenye theluji, dubu wote ni weupe, Novaya Zemlya iko kaskazini ya mbali, je, dubu wa huko wana rangi gani? Wengi hawakutaka kujibu. Mmoja alisema yeye amewahi kuona dubu mweusi tu, wengine hajawaona.

Luria aliona hapo fikra zilizofungwa na mambo ya kushikika. Mimi naona hoja iliyonyooka kabisa: asiyeona hasemi, mimi sijaona, basi sisemi. Hiyo ni mantiki ileile aliyokuwa akiitafuta, ila mkulima yule alianzia kwenye sharti lake mwenyewe, na pengine hakuona kwa nini amwamini mgeni katika habari za dubu. (Mahakamani shahidi wa namna hiyo angesifiwa!)

Ndiyo maana nasita nikiambiwa ipo akili isiyofuata mantiki yetu. Mwaka 1893 mwanamantiki Gottlob Frege alijiuliza itakuwaje tukikutana na viumbe ambao kanuni zao za kufikiri zinapingana na zetu, akaona huo ungekuwa wazimu wa aina mpya. Sawa, lakini tungejuaje kwamba wanapingana nasi kweli, na si kwamba hatujaelewa wanaanzia wapi? Hapo makala yako imepita mbio.