Nani alikwambia 25 ni uzee? Mwangalie Brendan Gleeson

Hebu tuambiane ukweli. Una miaka 24, 25, labda 27, na tayari unajiona umeachwa na gari. Kila ukishika simu kuna mtu wa rika lako amenunua gari, mwingine kafungua duka la pili, mwingine anakufundisha jinsi ya kutajirika kabla ya 30. Mimi niliacha chuo kabla ya kumaliza, kwa hivyo lile swali la "sasa utafanya nini?" nimelisikia kwenye harusi na kwenye matanga.

Ndiyo maana nataka umjue mzee mmoja wa Ireland anayeitwa Brendan Gleeson. Jina huenda hulijui lakini sura unaijua. Kama umetazama Harry Potter, ni yule Mad-Eye Moody mwenye jicho la bandia linalozunguka ovyo. Kwenye Braveheart ni Hamish, lile jitu lenye ndevu nyekundu kando ya Mel Gibson. Kwenye Paddington 2 ni Knuckles, mpishi wa jela anayeogopwa na kila mfungwa.

Sasa sikiza. Huyu jamaa alizaliwa Dublin mwaka 1955 na alikuwa mwalimu wa sekondari. Alifundisha Kiingereza na Kiayalandi. Mchana chaki, jioni jukwaani na Passion Machine, kundi la Dublin lililoigiza maisha ya watu wa kawaida wa mji huo. Aliiacha kazi ya ualimu mwaka 1991, akiwa katikati ya miaka ya thelathini. Braveheart ilipotoka 1995, alikuwa na miaka 40. Arobaini, msee! Umri ambao wewe unadhani utakuwa umeshastaafu na nyumba tano za kukodisha.

Lakini kinachonifurahisha zaidi si umri. Mwaka 1991 aliigiza Michael Collins, shujaa wa uhuru wa Ireland, katika filamu ya televisheni iitwayo The Treaty. Yeye ndiye aliyekuwa mhusika mkuu. Miaka mitano baadaye ikatoka filamu kubwa ya sinema kuhusu Collins huyohuyo. Nafasi ya Collins ikaenda kwa Liam Neeson. Gleeson akaigiza Liam Tobin, mmoja wa watu wa Collins.

Wewe ungekubali? Wengi wetu tungenuna, tuandike mafumbo kwenye status, tuseme tumechezewa. Yeye alivaa koti akafanya kazi. Mwaka 1998 akawa mhusika mkuu wa The General, akiigiza jambazi wa Dublin, Martin Cahill. Mwaka 2009 akashinda tuzo ya Emmy kwa kuigiza Winston Churchill, mmoja wa Waingereza waliokaa upande wa pili wa meza Collins alipojadili mkataba wa 1921. Kwa Oscar, aliteuliwa mara ya kwanza 2023 kupitia The Banshees of Inisherin, akiwa na miaka 67. Tena kama mwigizaji msaidizi. Hakushinda, na hakuna aliyemwona kama mtu aliyefeli.

Najua utakachosema: "Yeye alikuwa na mshahara wa mwalimu. Mimi nina kibarua cha siku, nafika kejani saa tatu usiku nikiwa nimechoka kama punda." Ni kweli, na sitakudanganya kwamba mko sawa. Mtu mwenye mshahara wa kila mwezi anaweza kungoja. Asiye nao, njaa haimngoji.

Hata hivyo, maisha yake yanawaumbua watu wa aina mbili wanaotusumbua. Wa kwanza ni wale wahamasishaji wanaokwambia uache kazi kesho ufuate ndoto. Hao hawatakulipia kodi ya nyumba. Gleeson alikula mshahara wake huku akijifunza uigizaji jioni. Wa pili ni wale wanaosema subiri kwanza maisha yakae sawa. Angesubiri, 1991 ingemkuta hajui hata kusimama jukwaani.

Kwa hivyo usikitupe kibarua chako, na pia usikiache kikumeze mzima. Kama ni Jumapili moja kwa mwezi ya kuandika, kushona au kupiga picha, ilinde kwa meno. Na ukiitwa kufanya kazi ndogo pembeni ya staa, nenda. Matatu ina dereva mmoja, lakini bila kondakta haitoki stejini.

Wikendi hii tafuta The Guard ya 2011. Utamwona Gleeson akiwa polisi mchokozi wa mashambani Ireland, na kila mtu akihangaika kumfikia. Tazama mpaka mwisho, halafu uje uniambie kwamba wewe, na hiyo miaka yako 25, umechelewa.