Watoto wa Wiki ya Kwanza Tumewasahau



Mwezi huu tunaomba ruhusa yenu tusizungumzie ugonjwa mmoja kama ilivyo desturi ya ukurasa huu. Tunataka kuzungumzia hesabu. Ni hesabu ambayo nusu yake inafurahisha na nusu yake inasikitisha, nasi tumeona si vema kuendelea kusoma ile nusu ya kufurahisha peke yake, kama inavyofanyika mara nyingi katika hotuba.

Wazee wetu wanakumbuka tulikotoka. Mwaka 1973 kampeni ya "Mtu ni Afya" iliwakusanya watu wapatao milioni 2 katika vikundi kote nchini. Walisikiliza redio, wakasoma vijitabu, wakajadiliana, kisha wakaenda kuchimba vyoo na kufyeka vichaka kuzunguka nyumba zao. Baadaye zikaja shida za uchumi za miaka ya 1980, zahanati zikakaa bila dawa, na mwaka 1993 serikali ikaanza utaratibu wa wagonjwa kuchangia gharama katika hospitali zake. Mwaka 1992 serikali na Makanisa walikuwa wamekwisha kutiliana saini makubaliano ya kushirikiana, na hadi leo hospitali kadhaa za Kanisa ndizo hospitali teule za wilaya zao.

Sasa hesabu yenyewe. Utafiti wa taifa wa hali ya watu na afya wa mwaka 1999 ulionyesha kwamba katika kila watoto 1,000 waliozaliwa hai, 147 walifariki kabla ya kutimiza miaka mitano. Utafiti wa namna hiyo hiyo wa mwaka 2022 ulionyesha kuwa idadi imeshuka hadi 43. Jambo hili si dogo hata kidogo. Ni kazi ya chanjo, ya vyandarua vyenye dawa, ya dawa bora za malaria, ya matone ya vitamini A, ya dawa wanazopewa akina mama wenye virusi vya ukimwi ili wasiwaambukize watoto. Ni kazi pia ya wauguzi wengi ambao hawatatajwa katika gazeti lolote. Pepopunda ya watoto wachanga, ambayo zamani kila kijiji kiliijua, mwaka 2012 ilithibitishwa kuwa si tatizo kubwa tena nchini, kwa sababu akina mama walichomwa sindano zao za kliniki.

Na akina mama wenyewe? Utafiti wa miaka ya 2015 na 2016 ulikadiria vifo vya uzazi 556 katika kila vizazi hai 100,000, na ule wa 2022 ukakadiria 104. Tukiri kwamba kipimo hiki hupatikana kwa kuwauliza watu habari za dada zao waliofariki, kwa hiyo huyumba, na mtu mwangalifu hatakishika kama kipimo cha ratili. Lakini hata ukikipunguzia imani kidogo, bado ni habari njema. Waliojifungulia katika vituo vya huduma walikuwa kama nusu mwaka 2010. Mwaka 2022 walikuwa asilimia 81.

Lakini tufungue ukurasa wa pili wa hesabu hiyo hiyo, ule unaohusu watoto wanaofariki ndani ya siku 28 za kwanza. Mwaka 1999 walikuwa 40 katika kila 1,000. Mwaka 2010 walikuwa 26. Miaka ya 2015 na 2016 walikuwa 25. Mwaka 2022 walikuwa 24.

Tunaomba msomaji asimame hapo kidogo. Katika miaka kumi na miwili akina mama waliacha kujifungulia nyumbani kwa wingi ambao hatujawahi kuuona. Walipanda bodaboda usiku, walivuka mito, waliuza kuku ili wapate nauli, wakafika kituoni kama tulivyowahubiria. Na katika miaka hiyo kumi na miwili hesabu ya vichanga wanaofariki ilishuka kwa watoto wawili tu katika elfu. Mwaka 1999 vichanga walikuwa zaidi kidogo ya robo ya watoto wote waliofariki kabla ya miaka mitano. Siku hizi ni zaidi ya nusu. Na wale waliozaliwa wafu hawamo kabisa katika hesabu hii.

Basi tumewaita akina mama waje, nao wamekuja. Hayo ndiyo maoni yetu, na hatuoni njia ya kuyasema kwa upole zaidi: deni sasa si la mama aliyechelewa, ni la sisi tuliomwita.

Kwa nini hakuna kelele? Tunafikiri ni kwa sababu ya namna tunavyowazika. Sehemu nyingi za nchi yetu mtoto wa siku tatu huzikwa kimya kimya, na wanawake wachache, asubuhi na mapema. Hakuna matanga, pengine hana hata jina. Mama huambiwa, "Pole, utapata mwingine," na kesho yake anategemewa achote maji. Hatusemi wazee walikuwa na moyo mgumu. Walizika wengi mno, na huenda hiyo ndiyo ilikuwa njia yao ya kustahimili. Lakini Kanisa linalomruhusu mtu yeyote mwenye nia njema kumbatiza mtoto aliye katika hatari ya kufa, hata kwa maji ya kikombe saa nane ya usiku, limekwisha kusema mtoto huyo ni nani. Wakunga wetu wengi wamebatiza namna hiyo. Tungependa kujua ni parokia ngapi zinazorudi baadaye kuuliza kwa nini yule mtoto alikuwa katika hatari.

Vichanga hufa kwa mambo matatu makubwa: kushindwa kupumua wakati wa kuzaliwa, kuzaliwa kabla ya wakati, na uambukizo wa vijidudu. Hakuna hata moja kati ya hayo linalohitaji kwanza mashine ya mamilioni. Mtoto asiyepumua hukaushwa, hufunikwa, husuguliwa mgongo, na akiwa bado hajaanza hupuliziwa hewa kwa kifuko chenye barakoa ndogo. Yote hayo yaanze ndani ya dakika moja. Dakika hiyo haitoshi kumwita mtu aliye chumba cha pili, achilia mbali kutafuta ufunguo.

Tunataja ufunguo kwa makusudi. Tulialikwa wakati mmoja kwenye uzinduzi wa jengo la wazazi katika kituo kimoja ambacho hatutakitaja. Jengo lilikuwa zuri, vigae vinang'aa, kwaya iliimba, mbuzi walichinjwa. Baada ya utepe kukatwa tuliuliza kile kifuko cha kumpulizia mtoto kiko wapi. Kilikuwepo. Kilikuwa ndani ya kabati, bado kimo katika nailoni yake, kabati limefungwa, na mwenye ufunguo alikuwa kwenye semina mjini. Muuguzi wa zamu, binti mpole sana, alituambia kwamba vifaa vya msaada hufungiwa ili visipotee, maana kikipotea yeye ndiye atakayekatwa mshahara. Hatukuweza kumlaumu. Tulikula wali wetu tukaondoka, na jambo hilo limetukaa moyoni tangu siku hiyo.

Inawezekana mambo kuwa tofauti, na hilo halikuonyeshwa Ulaya bali hapa hapa. Katika vituo 30 vya mikoa ya Manyara, Tabora, Geita, Shinyanga na Mwanza, wakunga walipatiwa vifaa vichache vya kusikiliza mapigo ya moyo wa mtoto na kumpulizia hewa, pamoja na mwanasesere wa kufanyia mazoezi. Hawakupelekwa semina ya wiki nzima hotelini. Walifanya mazoezi mafupi kazini, mara kwa mara, na kila kituo kilitazama hesabu zake chenyewe. Matokeo yalichapishwa mwaka 2025: vifo vya watoto katika saa 24 za kwanza vilipungua kwa asilimia 40 hivi, na vya akina mama vilipungua zaidi ya hapo.  Mikono yao ndiyo iliyozoea.

Vivyo hivyo kwa watoto njiti. Mwaka 1978 huko Bogotá, nchini Colombia, daktari Edgar Rey alikuwa na watoto wengi na mashine za joto chache, akawaambia akina mama wawabebe watoto kifuani, ngozi kwa ngozi, mchana na usiku, wakinyonya maziwa ya mama. Ndiyo ile tunayoiita huduma ya mama kangaruu. Utafiti uliofanyika katika nchi tano, Tanzania ikiwa mojawapo, na kuchapishwa mwaka 2021, uliwahusu watoto wenye uzito wa kuanzia kilo 1 hadi karibu kilo 1.8. Walioanza kubebwa hivyo mara tu baada ya kuzaliwa walifariki kwa uchache wa robo kuliko waliosubiri mpaka hali yao itulie kwanza. Kinachohitajika ni khanga, kitanda cha mama karibu na mtoto, na muuguzi anayeliamini jambo hilo. Akina baba nao wanaweza kubeba. Tunajua wapo watakaocheka wakisoma hapa. Wacheke, halafu wavue shati wambebe mtoto.

Kisha kuna safari ya kurudi nyumbani. Akina mama wengi huruhusiwa baada ya saa chache kwa sababu vitanda havitoshi, ilhali inashauriwa mama na mtoto wakae kituoni angalau saa 24. Nyumbani hapo mtoto huogeshwa maji usiku, hupakwa majivu kitovuni au kitu kingine ambacho bibi amekileta kwa upendo mkubwa, na mama hukaa ndani mpaka siku arobaini zipite. Kwa heshima zote kwa akina bibi, kitovu kiachwe kikavu, kisipakwe kitu ambacho kliniki haikutoa. Mtoto anayekataa kunyonya, anayepumua haraka haraka, aliyelegea, mwenye joto kali au wa baridi, aliyepata degedege, aliyegeuka manjano hata viganja, au mwenye kitovu chenye usaha na wekundu, apelekwe kituoni saa hiyo hiyo. Msingoje asubuhi. Mama aliyejifungua anapaswa kuonwa ndani ya saa 48 na tena kabla wiki haijaisha, hata kama anajiona mzima kabisa. Simu ya bure ya dharura ya m-mama, 115, ipo kwa ajili ya kumsafirisha mjamzito, mzazi na kichanga. Katekista anaweza kuitangaza namba hiyo baada ya Misa, haitamchukua hata nusu dakika.

Juu ya fedha tutasema machache. Sera ya nchi inasema mjamzito na mtoto wa chini ya miaka mitano wahudumiwe bure katika vituo vya serikali, na kila mama anajua kwamba bure hiyo huja na orodha: glavu, pamba, mpira wa kutandika, na kadhalika. Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ilipitishwa na Bunge mwaka 2023, nasi tunaiombea heri. Lakini hata sisi Kanisa tusinawe mikono. Katika baadhi ya hospitali zetu bili ya mtoto njiti aliyelazwa wiki tatu humfanya baba auze ng'ombe, na tumesikia habari za mama aliyeondoka na mtoto kabla ya wakati kwa sababu aliona bili inakua haraka kuliko mtoto. Tunajua dizeli ya jenereta hailipwi kwa sala, na tunajua malipo ya mikataba na halmashauri huchelewa. Hata hivyo, jimbo linaloweza kuchangisha kwa ajili ya nyumba ya paroko linaweza kuchangisha kwa ajili ya wodi ya vichanga.

Na Jumuiya Ndogo Ndogo zetu? Zinamjua kila mjamzito mtaani kabla kliniki haijamjua. WAWATA huenda kumwona mzazi, hupeleka unga na sabuni. Wangeweza kwenda siku ya pili badala ya siku ya kumi, wakamtazama mtoto anyonye mbele yao, wakamsindikiza mama kliniki. Na kila kigango kingeweza kuwa na daftari la kuandika watoto wote waliozaliwa na wote waliofariki kabla ya siku 28, pamoja na waliozaliwa wafu, mwenyekiti wa halmashauri ya walei akalipeleka kwa mganga mfawidhi kila baada ya miezi mitatu, wakae wazungumze bila kutafuta mchawi wala mtu wa kumkata mshahara.

Parokia moja imetuahidi kuanza daftari hilo Kwaresima ijayo. Kama ipo nyingine iliyokwisha kuanza, tuandikieni kupitia kwa paroko wenu, mtueleze mmehesabu wangapi na mganga alijibu nini. Barua za mwezi uliopita kuhusu shinikizo la damu tutazijibu toleo lijalo. Na ukialikwa kwenye uzinduzi wa wodi ya wazazi, kabla ya kwenda kwenye chakula uliza kifuko kiko wapi, na nani ana ufunguo.