Kudharau Amri ya Korti

Bwana Mhariri,

Wako wenzetu wasemao kwamba mwalimu akishinda kesi, basi mambo yamekwisha. La, hasha! Tarehe 30 Juni 2015 Jaji Nduma Nderi aliamuru walimu wa Kenya waongezewe mshahara kwa asilimia 50 hadi 60. Pesa hazikulipwa, na mwezi wa Septemba walimu wakagoma. Nilikuwa darasa la kwanza, nami nilifurahi kukaa nyumbani nikichunga mbuzi (aibu kusema). Kisha korti iliamuru mgomo usimame siku 90, na hapo viongozi wa walimu nao wakasita kutii. Mwezi wa Novemba Korti ya Rufani ikaitangua ile nyongeza.

Basi nauliza: mwajiri asipotii tunaita dharau, na mwalimu asipotii tuite ushujaa? Mimi sikubali. Asiyeridhika ana njia: akate rufani, tena aombe amri isimamishwe kwa muda, maana rufani peke yake haiisimamishi. Akikaa kimya tu, huitwa mbele ya jaji aeleze kwa nini asitozwe faini au asifungwe.

Wengine huona kumfunga mkubwa wa ofisi kwa jambo hili ni ukali mno. Lakini mwalimu aliyefukuzwa, akashinda kesi, na bado hakurudishwa kazini, je, atakula karatasi ya hukumu? Watoto wake ni wanafunzi kama sisi, nao hurudishwa nyumbani kwa ajili ya karo.

Mwanafunzi, Kidato cha Nne