Tusisahau Kura 21,276

Wako wenzetu ambao, wakisikia chama kidogo kimekufa, hupiga makofi na kuendelea na safari. Twadhani wanakosea. Chama kinapokufa yafaa tuulize kilizaliwa na nini, kilipata wapi nguvu, na wale waliokifuata wamekwenda wapi. Leo twataka kuyauliza hayo juu ya African National Congress, chama cha Zuberi Mtemvu, kilichozaliwa mwaka 1958 na kuzikwa mwaka 1963. Maana somo lake lingali lahitajiwa katika matawi ya Musoma, Bunda na Butiama.

Mwezi wa Januari 1958 TANU ilifanya mkutano wake mkuu mjini Tabora. Swali kubwa lilikuwa moja: je, chama kiingie katika uchaguzi uliopangwa na Serikali ya kikoloni, au kiususie? Masharti ya uchaguzi huo yalikuwa machungu. Kila mpiga kura alilazimishwa kuchagua watu watatu kwa mara moja: Mwafrika, Mwasia na Mzungu. Tena, ili aandikishwe, ilimpasa awe na elimu ya darasa la nane, au pato la pauni 150 kwa mwaka, au cheo cha namna fulani. Wakulima wa pamba, wavuvi wa ziwani na makuli wa bandarini, wengi wao walibaki nje ya mlango.

Julius Nyerere aliwaomba wajumbe wayameze masharti hayo. Kususia, alisema, ni kuwaachia viti UTP, chama kilichoanzishwa mwaka 1956 kwa baraka za Gavana Twining. Baada ya mabishano makali mkutano ulikubali, na uamuzi ule hata leo huitwa Uamuzi wa Busara. Walakini Mtemvu, aliyekuwa mmoja wa viongozi wa TANU, alikataa. Alijitoa, akaanzisha Congress, na neno lake lilikuwa moja: Afrika ni ya Waafrika.

Tusimdhihaki mtu huyu. TANU yenyewe wakati ule iliandikisha Waafrika peke yao. Na hasira aliyoisema Mtemvu haikuwa yake pekee. Karani Mwafrika alimwona Mzungu akikalia kiti cha juu kwa mshahara ambao yeye asingeuota. Wakulima wa pamba wa Jimbo la Ziwa, ambamo Musoma ilikuwamo, walikuwa wameunda vyama vya ushirika kwa sababu walichoka kupunjwa kwenye mizani ya wanunuzi. Mwenye njaa hahitaji kufundishwa kwamba ana njaa. Humfuata yule atakayelitaja jambo hilo kwa sauti kubwa. Hapo ndipo Congress ilipopata nguvu zake.

Lakini hasira ni kitu kimoja na kura ni kitu kingine. Katika uchaguzi wa 1958 na 1959 Congress haikupata kiti hata kimoja. Mwaka 1960 TANU ilitwaa viti 70 kati ya 71, na kile kimoja kilichobaki kilikwenda kwa mgombea aliyesimama peke yake bila chama. Mtu angalidhani habari ya Mtemvu imekwisha.

Haikwisha. Oktoba 1961, Uhuru ukiwa mlangoni, Bunge lilijadili sheria ya uraia, na baadhi ya wabunge wa TANU yenyewe walisimama kutaka uraia uwe wa Waafrika tu. Maneno ya Congress yalikuwa yamepata midomo ndani ya chama kilichoishinda! Nyerere aliwakabili bila kuficha, akasema Serikali yake itajiuzulu kama Bunge litafuata rangi. Alikuwa mtoto wa Butiama ambaye mwaka 1955, alipoacha ualimu wa Pugu kwa ajili ya siasa, alirudi nyumbani na kufanya kazi ya kutafsiri kwa mapadre wa Kimarekani huku Musoma. Aliwafahamu watu weupe kama watu, na alijua tofauti ya kuuchukia utawala na kuichukia ngozi.

Hata hivyo hakupuuza manung'uniko. Januari 1962 alijiuzulu Uwaziri Mkuu ili akijenge upya chama, na Serikali ya Rashidi Kawawa ikaharakisha kuwaweka Waafrika katika kazi za Serikali. Ilipofika Novemba 1962 wananchi walimchagua Rais wa kwanza wa Jamhuri. Nyerere alipata kura 1,127,978. Mtemvu 21,276, yaani chini ya mbili katika kila mia. Mwaka uliofuata Mtemvu alirudi TANU, na Congress ikatoweka.

Kwa nini kilikufa upesi hivyo? Twaona sababu mbili. Ya kwanza, chama kikubwa kilichukua ile sehemu ya madai yake iliyokuwa ya haki na kuanza kuitenda. Ya pili, Congress ilikuwa na neno moja tu. Neno moja laweza kujaza uwanja. Haliwezi kujenga shule wala kupandisha bei ya pamba. Wazungu walipoanza kuondoka katika ofisi, msemaji wa Congress alikuwa na nini zaidi cha kuwaambia watu?

Walakini swali lake lilibaki. Mwaka 1962 Kasanga Tumbo, kiongozi wa wafanyakazi wa reli, aliacha ubalozi wake London akaanzisha chama chake mwenyewe. Januari 1964 Serikali ilitangaza kwamba raia wote watatazamwa sawa katika kuajiriwa. Na tarehe 20 ya mwezi ule ule askari waliasi, wakidai mishahara na kuondolewa kwa maofisa wa Kiingereza. Vyama vya wafanyakazi vikavunjwa na mahali pake ikawekwa NUTA. Ni mpaka Azimio la Arusha la 1967 ndipo swali lilipopata sura mpya: watu walianza kuuliza mali ya nchi imo mikononi mwa nani, wakaacha kuuliza rangi ya mikono hiyo.

Asidhani mtu kwamba hayo ni ya zamani tu. Mwaka 1995 NCCR-Mageuzi ilipata viti 16 vya majimbo, na kimojawapo kilikuwa Bunda, ambako Stephen Wasira, aliyetoka CCM, alimshinda Joseph Warioba aliyepata kuwa Waziri Mkuu. Baadaye mahakama iliutengua ushindi huo. Viongozi wa NCCR wakagombana wenyewe kwa wenyewe, na mwaka 2000 chama kikabaki na kiti kimoja. Wasira alirudi CCM, na Januari 2025 alichaguliwa Makamu Mwenyekiti wake upande wa Bara. Mtemvu naye alirudi alikotoka. Mlango uliachwa wazi, na hilo ni jema.

Lakini kiongozi akirudi, je, wale waliompigia kura hurudi pamoja naye? Hapo ndipo penye shaka yetu. Kiongozi hurudi kwa kupeana mkono. Mwananchi hurudi pale tu jambo lililomwudhi linapotengenezwa. Wale 21,276 walikwenda kupiga kura wakijua wazi kwamba mtu wao hatashinda. Mtu hatoki nyumbani kwenda kushindwa bila sababu.

Kwa hiyo twawaambia makatibu wa matawi: katika kila uchaguzi zisomeni kwanza kura za aliyeshindwa. Ulizeni zimetoka kijiji gani, na kijiji hicho kinakosa nini: maji, kazi, au mtu wa kukisikiliza. Anayesimama katika mkutano wa tawi na kusema maneno machungu, mwacheni amalize. Yaliyo ya haki katika maneno yake yatendwe. Yaliyo ya chuki yajibiwe hadharani, kama yalivyojibiwa Bungeni mwaka 1961. Wazee walisema usipoziba ufa utajenga ukuta, na ufa huonwa kwanza na yule anayelala karibu nao.