Mwanamume Hulia

Katika maneno ambayo mtoto wa kiume huyasikia kabla hajajua kusoma, hapana yarudiwayo mara nyingi kama haya: mwanamume halii. Akianguka akachubuka goti, huambiwa hivyo. Akifiwa na nyanya yake, huambiwa hivyo. Akipelekwa shule ya bweni, mama akageuka kwenda zake, na yeye akabaki langoni na sanduku lake, koo limemkaba, huambiwa hivyo tena. Maneno haya yana umri mkubwa, na wengi huyasema kwa nia njema. Lakini umri haugeuzi uongo kuwa kweli, wala nia njema haigeuzi sumu kuwa dawa. Mimi nasema kwamba maneno haya ni ya uongo, na kwamba madhara yake ni makubwa kuliko tunavyodhani.

Ni ya uongo kwa sababu wanaume hulia, na tangu zamani wamelia. Msomaji akitaka ushahidi asiende mbali. Injili yasimulia kwamba Yesu alilia kwa ajili ya kifo cha rafiki yake Lazaro. Hadithi za Mtume Muhammad zaeleza kwamba alitokwa na machozi alipofiwa na mwanawe mchanga, Ibrahim, na sahaba mmoja alipostaajabu, Mtume alimjibu kwamba machozi yale yalikuwa ni rehema. Shaaban Robert, mwandishi ambaye Kiswahili hakijasahau wala hakitasahau jina lake, alipofiwa na mkewe, hakuufungia msiba wake kabatini. Alitunga shairi la maombolezo, akalipa jina la marehemu, Amina, akalitia kitabuni lisomwe na kila mtu. Nani athubutuye kusema kwamba hawa hawakuwa wanaume?

Au tutazame kwa Fumo Liyongo, ambaye watu wa pwani wamemfanya kipimo cha nguvu na ushujaa. Muhammad Kijumwa wa Lamu alikiandika kisa chake katika utenzi mwaka 1913. Liyongo alipofungwa gerezani akingoja kuuawa, mikono yake yenye nguvu haikuweza kukata minyororo. Alifanya nini? Aliimba. Kwa wimbo alimtuma mjakazi Saada kwa mama yake, amwambie aoke mkate wa wishwa na kuficha tupa ndani yake. Walinzi, waliozoea kumnyang'anya vyakula vizuri, waliudharau mkate ule wa wishwa wakampa. Tupa ikakata chuma, naye akatoka. Basi zingatia, ewe msomaji: shujaa mkuu wa masimulizi yetu aliokoka kwa sababu aliweza kuisema shida yake kwa mtu aliyempenda. Kama angalifuata maneno tuwaambiayo wavulana wetu, angalinyamaza kiume, akafa kiume, na utenzi wake ungalikuwa mfupi.

Sisemi kwamba mwanamume alie ovyo, au kwamba machozi ni sifa. Mtoto aliaye apewe kila akitakacho hana busara zaidi ya yule asiyelia kabisa. Ninalolitetea ni jambo jingine: uwezo wa mtu kuyatambua yaliyomo moyoni mwake, kuyaita kwa majina yake, kuyaongoza yasimwongoze, na kuyatambua yaliyomo katika mioyo ya wengine. Mwaka 1990 wataalamu wawili wa Marekani, Peter Salovey na John Mayer, waliuandikia uwezo huu na kuupa jina ambalo kwa lugha yetu twaweza kuliita akili ya hisia. Jina ni jipya; jambo lenyewe ni la kale kama binadamu. Nalo, kama kusoma na kuhesabu, hufundishwa. Asiyefundishwa hubaki mjinga wa moyo, hata akiwa na vyeti ukuta mzima.

Kiswahili si lugha maskini katika elimu hii. Aliyefiwa ana kihoro. Aliyeachwa peke yake ana ukiwa. Aliyechekwa mbele ya wenziwe ana fedheha. Aliyemwona mwenziwe amepewa asichopewa yeye ana kijicho. Angojaye matokeo ya mtihani ana wasiwasi, na aliyedhulumiwa asisamehe ana kinyongo. Kila neno hapa ni taa ya chumba chake. Lakini mvulana wetu amezimiwa taa zote, akaachiwa moja tu, nayo ni hasira. Hiyo ndiyo nguo pekee aliyoruhusiwa kuivaa hadharani. Akiona haya, huvaa hasira. Akiogopa, huvaa hasira. Akimkumbuka mama yake usiku bwenini, asubuhi huamka amekunja uso na kumpiga teke aliye karibu. Ukimwuliza una nini, atakujibu, "Sina kitu." Wala hakudanganyi, hajui kweli alicho nacho, kwa kuwa hapana aliyemfundisha jina lake.

Kulijua jina si jambo dogo. Mwaka 2007 watafiti wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, waliwaonyesha watu picha za nyuso zenye hasira na hofu, huku mitambo ikiupima ubongo wao. Waliona kwamba mtu alipoitaja kwa neno hisia aliyoiona katika uso, ile sehemu ya ubongo inayopiga mbiu ya hatari ilitulia. Wahenga hawakuwa na mitambo, lakini waliyajua haya waliposema kwamba mficha maradhi kifo humwumbua. Uchungu uliotajwa hupungua; uliofichwa huoza.

Na kimya kingi kina mshindo mkuu. Tazama mambo yatokeayo shuleni. Mgeni katika shule ya bweni huonewa na wakubwa, hunyang'anywa sabuni na mkate, hutandikishwa vitanda vya wengine, naye haruhusiwi kulalamika kwa kuwa atakuwa si mwanamume. Mwaka unapita, uchungu haupiti. Wanapoingia wageni wengine, yeye ndiye wa kwanza kuwaonea. Hivyo uonevu hurithiwa kama mali, na kila mrithi aliapa zamani kwamba hataupokea.

Yako mambo mabaya kuliko hayo. Usiku wa kuamkia tarehe 26 Machi 2001 bweni la shule ya sekondari ya Kyanguli, katika Machakos, liliteketea kwa moto uliowashwa makusudi, na wavulana 67 wakapoteza maisha. Mwaka 2016 zaidi ya shule 100 nchini zilipatwa na mikasa ya moto. Sisemi kwamba sababu ya kila moto ni moja. Ziko sheria kali, ziko hofu za mitihani, yako makundi na ushawishi mbaya, na kwa tendo la kuchoma moto mahali wanapolala watu hapana udhuru. Lakini nauliza: kijana aliyezoea kusema, na aliyezoea kusikilizwa, angehitaji kiberiti ili ajulishe kwamba hakuridhika?

Tena, uko moto uwakao ndani bila moshi kuonekana. Shirika la Afya Duniani laeleza kwamba, ukiijumlisha dunia nzima, wanaume wanaojiua ni zaidi ya maradufu ya wanawake. Wanaume hawa hawakukosa nguvu. Walikosa mahali pa kuutua mzigo, na walifundishwa kwamba kuomba msaada ni aibu. Sheria yetu nayo kwa miaka mingi ilikuwa mwalimu wa somo hilo hilo: aliyejaribu kujiua akaokolewa, alishtakiwa kama mhalifu. Ilikuwa Januari 2025 Mahakama Kuu ilipoamua kwamba kifungu hicho, cha 226 katika Sheria ya Adhabu, ni kinyume cha Katiba. Basi ikiwa mahakama imekiri kwamba mtu aliyezidiwa na uchungu anahitaji tabibu, si pingu, itakuwaje sisi majumbani na mabwenini tuendelee kumhukumu kwa kicheko?

Watakuja wapinzani na hoja mbili. Ya kwanza ni kwamba dunia ni ngumu, na mtoto wa kiume hana budi akomazwe. Nami nasema ndiyo, akomazwe. Lakini ukomavu si ububu. Asiyeogopa kamwe hahitaji ushujaa, kama asiyeona njaa asivyohitaji subira. Shujaa ni yule ajuaye kwamba anaogopa, akalitenda la haki pamoja na hofu yake. Nahodha mwema hafumbi macho asilione wimbi. Hulitazama, akalipima, akageuza usukani. Mvulana aliyekatazwa kuutazama moyo wake ni nahodha aliyefungwa kitambaa machoni, kisha akasukumwa baharini akaambiwa awe hodari. Na hasira azionazo kuwa nguvu zake ndizo zimwangushazo, maana hasira za mkizi ni furaha ya mvuvi.

Hoja ya pili ni kwamba haya ni mambo ya kigeni, na kwamba mila zetu zilimfundisha mwanamume kunyamaza. Hoja hii yakumbuka nusu ya mila na kusahau nusu. Ni kweli kwamba katika jamii nyingi za Kenya kijana hutakiwa asipepese jicho anapotahiriwa. Lakini kisu kilikuwa cha dakika chache, na mafunzo yalikuwa ya majuma na miezi. Vijana walikaa pamoja na wazee waliowekwa kwa kazi hiyo, wakafundishwa kwa nyimbo, vitendawili na hadithi namna ya kuishi na mzazi, na mke, na jirani, na adui. Kila mmoja alikuwa na mtu mzima wa kumwuliza. Leo wavulana wengi hutahiriwa hospitalini wakati wa likizo, hukaa ndani siku chache, na mwalimu wao, kama yupo, mara nyingi ni kijana aliyewazidi miaka miwili au mitatu. Tumebakiza kisu, tukamfukuza mwalimu. Tumebakiza amri ya kunyamaza, tukayatupa mazungumzo yaliyoifuata. Kisha twaiita nusu hii mila, na twashangaa kwamba haizai matunda ya zamani.

Lawama ya kwanza ni ya baba. Wako akina baba ambao hawazungumzi na wana wao wa kiume ila juu ya karo na alama za mtihani. Baba kama huyu humjua ng'ombe wake aliyeacha kula majani, akamwita daktari siku ile ile. Lakini mwanawe ameacha kucheka miezi mitatu, naye hana habari. Samaki mkunje angali mbichi: mtoto wa miaka mitano ambaye baba yake humwambia, "Naona umehuzunika, njoo unieleze," hapungukiwi na uanaume; hupata mahali pa kurudi siku dunia itakapompiga. Lawama ya pili ni ya mwalimu ambaye, akimwona mwanafunzi hodari ameporomoka wa mwisho, huuliza alama zimekwenda wapi, asiulize mtoto mwenyewe amekwenda wapi.

Lakini wewe, msomaji, usiwacheke wazee ukajiona umepona. Nani awachekao wanaolia bwenini, kama si wenzao? Nani abandikaye majina ya kejeli? Na wewe msichana, ukimdharau kaka yako kwa machozi yake leo, usishangae kesho ukiolewa na mwanamume asiyejua kusema ila kwa ngumi. Wewe nawe ulikuwa miongoni mwa walimu wake. Ububu wa wanaume haulipwi na wanaume peke yao. Hulipwa na mama, na dada, na mke, na mtoto, kila siku na kwa riba.

Basi fanya haya, wala usingoje kupewa amri. Hasira inapokupanda, kabla hujainua mkono wala sauti, jiulize ni nani aliyevaa nguo hiyo: ni fedheha? ni hofu? ni kijicho? Ukimjua kwa jina, umekwisha kumshika nusu. Chagua mtu mmoja mwaminifu, awe mzazi, mjomba, mwalimu au rafiki, uwe ukimweleza yanayokulemea. Na uchungu ukifika mahali pa kukuonyesha kwamba maisha hayana faida, mwendee siku ile ile, usilale nao. Mwenzako akifiwa, usimwambie ajikaze. Kilio huanza mfiwa, ndipo wa mbali wakaingia, nawe ingia. Kaa karibu naye, hata ukikosa neno. Na mdogo wako wa kiume akija kwako analia, usimuulize kama yeye ni msichana. Muulize ameumia wapi, kisha umsikilize mpaka amalize.

Taifa halijengwi na mawe, bali na watu wawezao kukaa pamoja, kukosana bila kuuana, na kupatana bila kuona aibu. Kazi hiyo haiwezi kufanywa na wanaume waliofundishwa neno moja tu. Wafundisheni mengine.